Ekspozisio ya Shati

Rubondo, tarehe 4 Februari 2024

Mariette mutoto wangu,

Nakusalimia katika jina la Bwana. Sisi huku tuko, tunapumua. Goti langu linaniuma nikisimama, lakini nikisha kutembea kidogo linanyamaza. Mvua haijakuja, maharagwe yamesimama tu yanatuangalia. Na wewe, uko namna gani? Kile kikohozi kiliisha? Unakula? Usinidanganye kwamba unakula, juu Léopold aliponiletea barua yako alisema mashavu yako yameenda. Yeye anapeleka vitunguu huko Mbarara kila juma, macho yake si mabaya.

Utanisamehe nakuandikia, sikupigii. Simu yangu unaijua, inasikia upande mumoja tu. Na tangu batufundishe kuandika pale kanisani, napenda maneno yangu yafike yote.

Sasa hiyo barua yako. Umesema nije Mbarara kwenye ekspozisio. Mariette, nilikaa chini na karatasi mukononi. Hilo neno mimi nililisikia kwa maiti tu. Ekspozisio ya baba yako tuliifanya kule kwetu Congo, kwenye kanisa ya Luberizi, sanduku wazi, batu banapita mumoja mumoja. Sasa ni nani amekufa huko, na kwa nini unaandika kama mutu mwenye furaha? Nilimuuliza jirani yetu Marcienne, yeye alisoma shule huko kwao Burundi. Akasema labda ni bosi wako wa cherehani, niende na kitambaa cheusi, na nisilie sana juu simujui.

Neno lingine. Nilifungua valisi kutoa shuka, shati ya kaka yako Polinè haimo. Nilitoa vitu vyote nikavipanga kwenye mukeka, nikarudisha, nikatoa tena. Haimo. Noeli ulilala hapa. Ni wewe? Kama ni wewe sema, nipate kulala. Unajua ile si nguo tu. Polinè aliivua pale njiani, jua kali, tunakimbia vita, akasema, "Mama, nishikie, narudia baiskeli tu." Mimi njo ninashika mpaka leo.

Juzi malori yalileta batu bapya Kabazana, pale banapokeaka bakimbizi. Nilienda, nikasimama pale mulangoni, nikaangalia kila kijana anayeshuka. Mulinzi wa pale amenizoea. Aliponiona tu akasema, "Mama Polinè, leo bado." Akanipa kiti.

Nijibu upesi juu ya shati.

Mimi mama yako,
Mama Polinè


Ruharo, Mbarara, 9 Februari 2024

Mama yangu mpenzi,

Salamu nyingi kutoka kwangu. Mimi niko mzima, kikohozi kimeisha na ninakula, mwambie Léopold aangalie vitunguu vyake. Pole na goti. Kuna dawa ya kuchua nimemnunulia mama mwenye nyumba, nitakutolea kidogo.

Nimecheka barua yako mpaka fundi mwenzangu akaniuliza kuna nini. Mama, hakuna aliyekufa! Bosi wangu yuko hapa anapiga kelele kama kawaida. Ekspozisio ni nyumba ambayo watu wanaweka vitu walivyotengeneza kwa mikono yao, picha, vitambaa, vyuma, na wengine wanakuja kuangalia tu. Wanaiita galeri. Ilikuwa stoo ya kahawa, wakaipaka rangi nyeupe. Mkubwa wake ni Mutabazi, mtu wa hapahapa Mbarara. Aliona vitambaa ninavyoshona usiku nikimaliza kazi, akasema nami nipewe chumba kimoja nitengeneze kitu changu.

Ndiyo, shati ni mimi nililichukua. Nisamehe sikukuomba. Niliogopa utakataa. Ninalo, linatunzwa vizuri kuliko lilivyotunzwa kwenye valisi, na baada ya Pasaka litarudi. Sitaki kukwambia nimelifanyia nini. Nataka uje uone kwa macho yako, Jumamosi tarehe 24, siku ya kufungua. Léopold atakuleta na kukurudisha. Vaa kile kitenge cha bluu.

Mama, tangu tufike nchi hii hujawahi kuona kitu nilichokifanya. Njoo.

Mtoto wako,
Mariette


Rubondo, tarehe 15 Februari 2024

Mariette wangu,

Nakusalimia tena. Goti ni vilevile. Huku mvua imeanguka mara moja, tukashukuru, ikanyamaza.

Asante kwa kuniambia ni wewe. Siku ile nililala. Nitakuja. Marcienne anasema nikuulize kama kwenye galeri banaimba, na kama mugeni analeta kitu, juu mutu hawezi kuingia kwa batu mikono mitupu. Nimetwanga sombe ya majani mabichi ya muhogo, nitaleta kwenye ndoo yenye kifuniko. Kama Mutabazi hakuli sombe, basi bengine batakula. Viatu nimeazima kwa Marcienne, vinabana vidole lakini si kwa kutembea shamba, ni kwa kusimama.

Mariette, ile shati usiifue. Najua unajua, lakini naandika. Nguo ya mutu aliye safarini haifuliwi, inamungojea na jasho yake. Tunafuaka nguo siku ya kumaliza matanga, tunaianika, halafu tunaigawa. Mimi hata vumbi ya Luberizi kwenye kola sikuipangusa. Siku goti likiniuma sana natoa ile shati naiweka kwenye uso kidogo, halafu naikunja tena. Sasa tangu niikose mikono yangu haijui iende wapi.

Basi. Léopold anasema barua hii utaipata Jumanne.

Mama yako,
Mama Polinè


Ruharo, 28 Februari 2024

Mama,

Natumaini umefika salama. Léopold amesema pale njia panda ulimwomba asimamishe gari ukashuka ukatembea mwenyewe, na viatu vile. Goti je? Kila nikipiga simu haipokelewi.

Mama, barua yako ya tarehe 15 niliipata Jumanne kama alivyosema. Shati nilikuwa nimeshalifua. Nilifua tangu Januari. Lilikuwa na ukungu mgongoni na panya walishaanza kula mkono. Niliposoma barua yako nilikaa nayo siku nzima, halafu nikajiambia labda hutalishika, utaliangalia kwa mbali tu kama wengine.

Watu wanakuuliza sana. Mutabazi amesema tangu wafungue nyumba ile hajaona kitu kama kile, na kwamba galeri moja ya Kampala wanataka tukakifanye kule, mimi na wewe. Nilimwambia nitakuuliza. Sijui kwa nini nilimwambia hivyo.

Ndoo yako iko hapa. Sombe walikula yote.

Nijibu, Mama, hata maneno mawili.

Mtoto wako,
Mariette


Ruharo, 17 Machi 2024

Mama,

Nakusalimu tena. Mimi mzima. Wewe je? Léopold ananiambia anakupa barua mkononi na wewe unashukuru, unaingia ndani. Anasema nyumbani kuna watu wengi, wanaota moto nje, lakini nikimuuliza ni nini anasema ataniambia Mama mwenyewe.

Mama, ni watu gani?

Mariette


Rubondo, tarehe 7 Aprili 2024

Mariette,

Amani iwe kwako. Mimi nimeamka leo, njo naweza kukuandikia. Goti sijui, sijaliuliza.

Uliuliza ni batu gani. Nitafika hapo. Acha kwanza nikwambie vile mimi niliona, juu wewe uliona kwa macho yako na mimi kwa yangu.

Niliingia na ndoo yangu. Ile nyumba ni nyeupe kama dispensere, nikatafuta fasi ya kukaa wagonjwa. Niliona picha ya ngombe wa pembe ndefu mwenye macho ya mutu, nikacheka kidogo. Niliona madumu ya maji yamefungwa kamba mpaka juu kama shanga, nikasema moyoni, sasa bale benye madumu leo banachota na nini? Nilikuwa na furaha, Mariette. Nataka ujue hilo. Nilikuwa namwambia kila mutu, huyu ni binti yangu, na hawakusikia Kiswahili changu lakini balitikisa kichwa.

Halafu ukanishika mukono ukanipeleka kwenye chumba chako.

Niliona mukeka chini. Niliona sahani yetu ya bati, ile nilikupa ukihamia Mbarara, imefunikwa na sahani ingine, vile namuwekeaka Polinè kila magaribi. Na juu ya mukeka, kwenye kamba, shati yake. Imenyooshwa na pasi. Mikono inaning'inia. Na batu banapita polepole, mikono nyuma, hawasemi, banasimama mbele yake, banainamisha kichwa, banaenda, mwingine anakuja. Ulicheka neno langu kwenye barua. Lakini mimi sikukosea. Njo vile tulipitaka mbele ya baba yako.

Bado nilisema, hapana, ni michezo ya bijana. Nikaenda nikaishusha, nikaiweka puani. Sabuni. Sabuni tu, Mariette, na maua. Nilitafuta kwenye kwapa, nilitafuta kwenye kola, nikageuza ndani nje. Hakuna mutu.

Basi nilianguka kwenye ule mukeka. Kitambaa cha kichwa nilikitoa mwenyewe. Nililia vile tunaliaka kwetu, nikamuita jina, nikamuita na majina ya babu zake, nikamuuliza ananiachia nani. Sikulia hivyo tangu tutoke Congo. Kile kilio nilikuwa nimekiweka.

Na bale batu balipiga makofi.

Kwanza nilifikiri ni mvua kwenye mabati. Nikafungua macho, naona simu zote zinaniangalia. Mama mumoja analia huku anapiga makofi. Mutabazi akapiga goti karibu yangu akanisemesha kile Kiswahili chao cha baaskari: "Mama, hii kazi yako iko mzuri sana. Watu nasikia mpaka ndani." Nikakutafuta wewe. Ulikuwa umesimama kwenye ukuta na ile nguo yako muzuri. Nilisema moyoni, sasa atabaambia. Atasema, acheni, huyu ni mama yangu, huyu ni kaka yangu. Ukaangalia chini. Halafu yule Mutabazi akakushika bega akakupongeza, na weye ukamuambia asante.

Hiyo asante niliisikia.

Sasa batu. Ile picha yangu iliingia kwenye simu, ikafika huku mimi bado niko njiani. Siku ya tatu niliamka, Marcienne yuko nje anawasha moto, na bamama ba kanisa banashusha kuni, na Natanaeli, mzee wetu wa kanisa, amevaa koti. Banasema pole. Nikabauliza, pole ya nini? Marcienne akasema, "Dada, tumeona umelia. Tumeona nguo imefuliwa na kuanikwa. Ungetuambia tu, tungekuja mapema." Nilitaka kusema ni mukeka wa galeri, ni vitu vya kuangalia. Mariette, nitasema nini mutu anielewe? Kwamba nilimulilia mutoto wangu kilio cha maiti mbele ya batu na hakufa? Nilikaa. Balikaa na mimi. Baliimba. Kila mumoja alikuja na habari yake ya Polinè, hata bale hawakumuona hata siku moja. Bilikuwa vizuri, nitadanganya nikikataa. Halafu balienda, mulango ukafungwa, na mimi nikabaki na matanga niliyoyafanya bila maiti na bila habari.

Nauliza neno moja tu, na unijibu kama mbele ya Mungu. Kuna mutu alikuambia kitu? Kuna mutu wa Luberizi ulikutana naye huko Mbarara, akakuambia alimuona, ao alimuzika, njo ukaifua? Kama unajua, sema. Sitakasirika. Ningependa uwe unajua.

Mama yako


Ruharo, 14 Aprili 2024

Mama,

Sijui kitu. Naapa mbele ya Mungu na mbele ya baba. Hakuna mtu aliyeniambia. Hakuna aliyemwona, akiwa hai wala akiwa maiti. Nimesoma swali lako mara nyingi na nimetamani ningekuwa na mtu wa kumtaja. Sina.

Nilifua kwa sababu nilichoka. Nilikuwa bado mtoto tulipofika hapa, nikakua kwenye nyumba yenye sahani ambayo haikuguswa. Ulikuwa ukiifunua asubuhi unanipa kile chakula, kimepoa. Nilikua nikila chakula cha Polinè. Sikukulaumu, lakini nilitaka watu waione hiyo sahani, waone vile tunaishi. Nilikiita chumba kile "Kusubiri". Kiliandikwa hivyo ukutani, kwa Kiingereza. Sikutaka kumzika. Sikufikiri hata kidogo kwamba nilikuwa namzika, mpaka ulipotoa kitambaa kichwani.

Kuhusu ile asante sina la kujitetea. Nilipoona watu wote wanaangalia upande wetu, nilinyamaza. Kwa muda mfupi nilitaka waendelee kuangalia. Ndio huo ukweli, ni mbaya, nimekuandikia.

Kampala nimekataa. Mutabazi nimemweleza yote, akasema niombe msamaha kwa niaba yake. Kwao pia mtu hapigiwi makofi akilia. Alifikiri kile kilio tumekipanga.

Shati nimempa Léopold pamoja na sahani na ndoo. Niliacha kulipiga pasi. Nilijaribu hata kulivaa mimi mwenyewe nikashona nalo siku moja, ili lisinuke sabuni. Sasa linanuka mimi. Nisamehe.

Niambie nije au nisije.

Mtoto wako,
Mariette


Rubondo, tarehe 2 Juni 2024

Mariette mutoto wangu,

Nakusalimia. Mvua ilikuja mwishowe, ikaja yote pamoja, maharagwe mengine yameoza. Goti linaniuma usiku. Wewe uko muzima? Unakula?

Nimechelewa kukujibu juu sikujua nikwambie nini. Nilingoja nijue. Sijajua bado, lakini Léopold ameanza kuniangalia vibaya.

Vitu vyote vimefika. Shati niliirudisha kwenye valisi. Asubuhi nikafungua, shuka zote zinanuka maua. Nikaitoa. Nilitaka kuigawa vile tunafanyaka, nimupe kijana wa rika yake. Nikafikiri, huyo kijana ataivaa, atapita na njia ya bomba, mimi nitaona mugongo wake, moyo utaruka, nitaita. Nitafanya hivyo mara ngapi? Basi iko kwenye musumari nyuma ya mulango. Siwezi kuitunza na siwezi kuigawa. Nikifunga mulango naiona, njo nimezoea kuacha wazi.

Malori yalikuja tena Kabazana, mengi, banasema kule kwetu kumeharibika. Nilivaa viatu. Nilifika kwenye barabara. Nikaanza kufikiri yule mulinzi ataniambia nini, juu na yeye alikuja kwenye matanga, alileta sukari. Atanipa kiti tena? Atasema leo bado? Nilisimama pale barabarani mpaka lori la mwisho likapita na batu juu, bijana bamejifunika na bashi ya turubai juu ya mvua. Sikuangalia nyuso. Mariette, kama alikuwemo amepita, na mimi nilikuwa naangalia matope.

Nikarudi nyumbani nikalala muchana.

Juu ya ile sahani. Nikwambie kitu, sikujua kama chakula kile kilikuwa kimepoa. Nilidhani nakupa mara mbili. Sasa napika chakula ya mutu mumoja na bado inabaki.

Nimekasirika na wewe? Nilitafuta hiyo hasira nikutumie, ningeona afadhali. Siku zingine iko. Siku zingine nasema huyu mutoto alifanya mapema kitu ambacho mimi ningekifanya nikiwa mzee sana, ao nisingekifanya, ningekufa nimeshika shati. Lakini sikuwa nimekuomba unisaidie. Alinipa nishike. Hakunipa nifue.

Kuna neno moja dogo nimalize. Juzi nilikuwa kwenye bomba, ndoo iko chini ya maji, mimi naangalia vilima. Nikasikia Marcienne anaita, "Mama Mariette! Mama Mariette, inamwagika!" Sikugeuka. Nilifikiri kuna mama mugeni kwenye mustari, nikaanza hata kumutafuta, nimuone huyo mwenye jina la binti yangu. Maji yananipita kwenye miguu. Bamama bote bananiangalia mimi.

Bamepatana, nafikiri. Hakuna tena anayeniita lile jina lingine, banaogopa kuniumiza. Wewe peke yako uliliandika kwenye bahasha yako ya mwisho, na Léopold alinipa ile bahasha ameigeuza maandishi chini.

Uje. Usilete kitu. Usinipigie magoti mulangoni, juu sitajua nikuambie nini, na Marcienne atasikia yote. Ingia tu ukae. Usiku nitafunga mulango, utaiona pale kwenye musumari.

Mama Mariette